Jina Moja la Mtoto wa Hedvig

Haya, sogeeni. Mwenye kutaka kusinzia asinzie tu, maana hadithi yenyewe ni ya watu waliochoka. Ila nikifika mwisho nitamwamsha, kwa sababu mwisho wake sinao mimi, mnao nyinyi.

Kaskazini kabisa mwa Ulaya, Norwe, Uswidi na Ufini zinakutana milimani. Wafalme wa zamani waliivuta mipaka ile mara huku mara kule. Leo wewe mtu wa mfalme huyu, kesho wa yule, na aliyeishi pale hakuulizwa. Watu wenyewe waliendelea kuoana, kuuziana siagi na samaki wakavu, na kunywa kahawa ileile nyeusi. Tena walikuwa na desturi moja. Ukifiwa, humwachi marehemu wako apotee. Unangoja mtoto azaliwe, na mtoto anapewa jina lake. Jina likiitwa tena uani, moyo unatulia. Asiyepata mtoto wa kumpa jina alibaki na marehemu wake kifuani, anatembea naye, analala naye.

Majina kwao hayakuchanganywa. Mtoto mmoja, jina moja. "Mtoto si kamba ya kuanikia nguo za kila mtu," walisema wanawake wa kule, na mazungumzo yakaishia hapo.

Sasa kulikuwa na Halvor, Mnorwe, aliyejaliwa miguu. Akishafunga mbao zake za kutelezea juu ya theluji, alijua njia hata pale macho yasipoona kitu, kwa kusikia tu upepo unampiga shavu lipi. Ndugu yake Eivind alipotelea katika milima hiyohiyo na hakuonekana tena.

Kulikuwa na Eljas, Mfini, aliyejaliwa moto. Mpe shoka na msonobari mkavu. Angelaza gogo juu ya gogo, akatia moto katikati yao, na moto huo ungewaka mpaka watu wamelala wakaamka. Baba yake, Tahvo, alikufa mwaka wa njaa, akatupwa pamoja na wengine katika shimo moja lisilo na alama.

Na kulikuwa na Kerstin, Mswidi, aliyejaliwa mikono. Alikuwa mkunga. Mwanawe wa pekee, Algot, alishikwa na homa akafa wakati mama yake yuko nyumba ya mbali akimzalisha mke wa mtu mwingine. Tangu hapo Kerstin alizalisha bila kutabasamu.

Watatu hao walikuwa wakirudi kutoka gulioni, pwani ya Norwe, na katika msafara wao walimchukua Hedvig.

Hedvig alizaliwa upande wa pili wa milima, kwenye bonde la mto ambapo Uswidi iko ng'ambo hii na Ufini ng'ambo ile. Kiswidi alikipata kwa mama, Kifini kwa majirani, na Kinorwe alikipata kwa mume. Mtoto wake wa kwanza, Aksel, alifia huko pwani, kwa sababu dhoruba ilifunga njia na mkunga hakufika. Sasa alikuwa na mimba nyingine, mume yuko baharini kwenye uvuvi wa majira ya baridi, na mama yake alikuwa amemtumia salamu: njoo ujifungulie kwangu. Hedvig alipanda mkokoteni usio na magurudumu, unaokokotwa na kulungu wa kaskazini, akajifunika ngozi. Hakuomba mengi. Aliomba mtoto huyu asizikwe, basi.

Majira hayo jua halichomozi kabisa kule. Ilikuwa adhuhuri na giza limetanda, dhoruba ikawakuta juu mlimani mahali pasipo na mti hata mmoja. Wenzao wa msafara walipotelea mbele. Na uchungu ukamshika Hedvig kabla ya wakati wake.

Halvor alitangulia. Alikwenda, akasimama, akageuza shavu, akaenda tena, na kulungu akafuata nyuma yake. Mwisho akaketi kwenye theluji. "Niacheni nipumzike kidogo tu," alisema, na kila mtu wa kule anajua anayesema hivyo haamki. Hedvig akajiburuta kutoka kwenye mkokoteni, akamshika kola na kumwambia sikioni kwa Kinorwe, upepo ukivuma hata walio nyuma wasisikie.

"Halvor, tufikishe msituni. Mtoto akiwa hai, atabeba jina la marehemu wako. Unanisikia? Nakuahidi."

"Eivind?"

"Eivind."

Halvor akainuka. Namna alivyoinuka hata yeye hakujua, lakini aliwashusha mpaka kwenye miti.

Huko msituni mikono ya Eljas ilikuwa imekufa ganzi. Shoka lilimponyoka mara mbili. Njiti za kiberiti zikavunjika moja baada ya nyingine, akabaki amepiga magoti anazitazama. Halvor alikuwa amelala chali, Kerstin anamfungua kulungu. Hedvig, ametafuna ukingo wa shali yake ili asipige kelele, akamwambia kwa Kifini, lugha ambayo wale wawili hawakuijua:

"Eljas. Washa moto, na mwanangu ataitwa kwa jina la marehemu wako."

Eljas akainua uso. "Baba yangu hana hata kaburi," akasema.

"Basi atakuwa na mtoto."

Akaitia mikono yake mdomoni, akaiuma mpaka ikapata uhai, na gogo juu ya gogo moto ukawaka.

Lakini mtoto alikuwa ametanguliza miguu. Kerstin alihangaika hadi jasho likamganda kwenye nyusi. Wanaume walikuwa wamekwenda kukata matawi ya kukinga upepo. Kerstin akajiegemeza kwenye shina la mti, akasema, "Hedvig, mikono yangu imekwisha. Wangu mwenyewe sikumwokoa. Ya nini kunitegemea mimi?"

Hapo nataka msikilize vizuri. Alipomwahidi Halvor, Hedvig hakuamini kwamba watafika popote. Alipomwahidi Eljas, maumivu yalikuwa yamemfutia kila kitu. Lakini alipomtazama Kerstin alikumbuka yote mawili aliyoyasema, akajua anachokifanya, na bado akafanya.

"Mwokoe huyu," akamwambia kwa Kiswidi, "na utamwita Algot."

Kerstin akafuta uso kwa mkono, akarudi kazini. Mtoto akatoka. Wa kiume, mbichi, wa buluu, kisha akalia.

Walifika nyumbani kwa mama yake Hedvig wakiwa hoi, na kwa muda watu wale walikula na kulala tu. Mama akapika kahawa, akatia vipande vya jibini ndani ya vikombe kama ilivyo kwao bondeni. Walikunywa kimya, maana watu wa kule hawaoni aibu kukaa kimya. Halvor ndiye aliyeanza, na alianza kwa furaha.

"Eivind wetu amelala?"

Kerstin akaweka kikombe chini. Halvor akisema Kinorwe na yeye akisema Kiswidi, walielewana bila shida.

"Eivind gani?"

"Mtoto. Hedvig aliniahidi kule juu."

"Kule chini aliniahidi mimi Algot."

Wote wawili wakamgeukia Hedvig. Eljas, ambaye hakuelewa neno, aliangalia nyuso zao, akaona pana jambo.

"Wanasemaje?" akamuuliza kwa Kifini.

Hakukuwa na mwingine wa kumfasiria. Hedvig akalazimika kuisema aibu yake mwenyewe, neno kwa neno, kwa mdomo wake, kwa mwenzao wa tatu aliyemwahidi.

"Ulimpa kila mmoja wetu?" Kerstin akauliza.

"Sikuwa na kitu kingine cha kuwapa," Hedvig akajibu. "Mlikuwa mnakufa. Mimi nilikuwa nakufa."

Wangegombana ingekuwa nafuu. Halvor alisema tu, "Bila njia msingefika kwenye miti." Kerstin akasema mtoto aliyetanguliza miguu hatoki kwa njia wala kwa moto. Eljas hakusema kwamba bila moto wangeganda wote, na mtoto pamoja nao. Alichukua shoka akatoka uani kupasua kuni ambazo hakuna aliyezihitaji. Hedvig alimsikiliza akipasua, akahisi amechoka kuliko alivyochoka mlimani. Mlimani alijua la kufanya.

Jioni mama yake akakaa kando ya kitanda. "Mwanangu, mbona unajitesa? Unaye marehemu wako mwenyewe. Aksel amelala pwani peke yake, na huyu ni ndugu yake. Nani atakulaumu?"

"Wao watanilaumu, mama."

"Hawatasema kitu."

"Ndiyo maana inaniuma."

Jumapili wakaenda kanisani. Halvor, Kerstin na Eljas walikaa benchi la mbele, wamechana nywele, mikono magotini. Kila mmoja alikuja, kwa sababu kususa kungekuwa namna ya kumwomba Hedvig tena, na watu wale hawaombi mara mbili. Mama yake Hedvig alisimama nyuma yake, karibu mno, pumzi yake ikimgusa shingo.

Mchungaji akachota maji kwa kiganja. "Mtoto anaitwa nani?"

Hedvig akawatazama. Aliyemtoa mlimani. Aliyemtoa kwenye baridi. Aliyemtoa mtoto tumboni, ambaye yeye Hedvig alimdanganya akiwa na akili zake timamu. Akamfikiria na yule asiye na mtu wa kumtetea kanisani humo isipokuwa bibi yake. Maji yalikuwa yakichuruzika kati ya vidole vya mchungaji.

"Anaitwa nani?" mchungaji akauliza tena, kwa upole.

Hedvig akafungua kinywa.

Mimi mnielewe, nimetembea na mwanamke huyu mbali sana, na jibu sinalo. Kila nikidhani nimelipata, naona uso wa mmoja pale kwenye benchi, nalirudisha. Haya, wewe uliyesinzia, amka. Nyote amkeni. Mtoto sasa yuko mikononi mwako, watatu wanangoja kwenye benchi na wa nne, Aksel, yuko chini ya ardhi. Wewe ungemwita nani?