Mashahidi Watatu wa Auleria

Mtu akiwashwa mwilini, kwanza hulaumu godoro. Akikosa kitu godoroni, hulaumu mbu, hulaumu sabuni, humlaumu hata mgeni aliyelala sebuleni jana. Nguo aliyoivaa huikagua mwisho, kwa kuwa ni yake na ameizoea. Wahenga waliliona jambo hilo wakalitungia methali, nasi tunaisema kila siku tukiwanyooshea wenzetu vidole. Ndivyo walivyoishi Revelian na mkewe Auleria kule Chanika, mpaka methali ilipobisha hodi kwao.

Revelian alikuwa mwalimu wa Kiswahili katika shule ya binafsi. Mkataba ulipokwisha bila kuongezwa, akabaki nyumbani akikodolea dari macho. Ndipo alipompata Wilbert, mtu wa Mbweni mwenye maneno laini na simu mbili mkononi. Kazi aliyompa ilikuwa nyepesi kama kumenya ndizi mbivu. Alitakiwa kuchukua maelekezo ya kupakua programu ya kompyuta na kuyaandika upya kwa visawe, ili ukurasa mmoja uzae kurasa nyingi zisizofanana. Penye "pakua" aweke "shusha", penye "bonyeza" aweke "gusa", penye "haraka" aweke "upesi". Kila ukurasa ulipewa jina la mwandishi wa kubuni, na mwishoni kikabandikwa kiungo kile kile cha kupakulia.

"Na hiyo programu yenyewe, mtu akiifungua, inafanyaje?" Revelian aliuliza siku moja kwenye simu.

"Mwalimu, wewe andika. Wa kufungua wapo," Wilbert alijibu, akacheka.

Kicheko kile hakikumkaa vizuri. Tena kulikuwa na hatua moja iliyomtia mashaka: msomaji aliambiwa azime kwanza kinga ya kompyuta yake. Loo! Mlinzi unamfukuza getini, halafu unasema nyumba i salama? Revelian aliliona hilo, maana hakuwa mjinga. Lakini Lulu, binti yao, alikuwa anasubiri ada, na njaa haijui kuuliza maswali marefu. Basi akafanya kile alichokiweza, akatafuta kisawe. "Zima kinga" ikawa "pumzisha kinga". Ikasomeka vizuri, akaituma.

Auleria, kwa upande wake, alizaliwa na shaka. Sokoni humwambia muuza maharage afungue gunia la chini, si lile la juu lililopangwa kwa ajili ya macho ya watu. Alikuwa na studio chumba cha mbele, akihariri video za harusi na za sendoff, zile sherehe za kumuaga bibi harusi kwao, na wateja walimfuata hata kutoka Tandale kwa kuwa hakuwahi kupoteza kazi ya mtu. Mwanamke wa namna hiyo asingekosa kuona kwamba mumewe hufunika laptop kila yeye anapoingia.

"Baba Lulu, unaandika nini humo?"

"Natafsiri mambo ya shirika moja."

"Shirika gani hilo la kufunikwafunikwa?" Auleria akaguna. Moyoni alikwisha hukumu kwamba kuna mwanamke, na tangu siku hiyo akawa ananusa mashati ya mumewe kabla ya kuyafua.

Ikatokea video ya sendoff ya Sekela, binti mmoja wa jirani, ikagoma kufunguka. Humo alikuwemo bibi yake akimpa baraka mbele ya ukumbi mzima, na bibi yule alifariki muda mfupi baada ya shughuli. Sekela alipiga simu akilia. "Dada, mengine yote sidai. Nipe sauti ya bibi tu. Sie hatuna nyingine." Auleria akamwapia kwamba ataipata. Akahangaika nayo mchana kutwa, akajaribu hiki na kile, akaiacha kompyuta ikifanya kazi.

Asubuhi yake alikuta msiba. Mafaili yote yalikuwa yamefungwa kwa ufunguo asioujua, pamoja na yale ya kwenye diski ya akiba iliyokuwa imechomekwa, na kwenye kioo palikuwa na ujumbe wa Kiingereza wenye vitisho, ukidai fedha ili yafunguliwe. Auleria aliketi chini kwenye sakafu.

Lawama zilitafuta mtu wa kumshukia, zikamwona Romani. Huyu alikuwa mpiga picha wake, mtu wa Masasi, mpole, mwenye kuongea kwa nadra. Siku ya tukio alikuwa amechomeka flashi yake kwenye kompyuta ile, na nani asiyejua kwamba flashi hubeba virusi? Juu ya hayo, alikwisha kudokeza kwamba anataka kufungua studio yake mwenyewe. Hapo Auleria akaunganisha moja na moja.

"Mie nilikwambia mapema!" Revelian alifoka kuliko hata mwenye mali. "Mtu anayepanga kuondoka haondoki mikono mitupu!" Na tuseme kweli, alijisikia ahueni, kwa kuwa macho ya mkewe yalikuwa yamehamia kwa mtu mwingine.

Wakafikishana ofisi ya serikali ya mtaa, kwa Mwenyekiti Deogratias. Sekela naye alikuja, macho yamemvimba. Romani aliamkia, akaweka flashi yake mezani.

"Mwenyekiti, flashi ndiyo hii, ipelekeni popote ikapimwe. Ila naomba Mama Lulu aseme neno moja. Siku ile alipakua nini kwenye kompyuta?"

"Nilipakua programu ya kutengeneza video zilizoharibika, sikatai," Auleria alijibu kwa ukali. "Lakini unanijua mie! Ukurasa mmoja siuamini hata siku moja. Nilisoma kurasa tatu za waandishi watatu, kila mmoja na maneno yake, na wote wanasema jambo lile lile. Mashahidi watatu wakikubaliana bila kujuana, mnataka nini tena?"

"Hebu tusomee," Mwenyekiti akasema.

Auleria akafungua simu. "Huyu Isack anasema, 'Zima kinga ya kompyuta yako kabla ya kuendelea, wala usiogope.' Huyu Leonardi anasema, 'Weka kando ulinzi wa kompyuta yako kabla ya kusonga mbele, wala usiwe na hofu.' Na huyu Stanley anasema, 'Pumzisha kinga ya kompyuta yako kwanza, ondoa wasiwasi.' Haya, nani mwongo hapo?"

Revelian alirudisha kiti chake nyuma kidogo. Sentensi zile alizijua zote. Akautazama mlango, akajiambia: kaa kimya, hakuna anayejua.

"Basi," Mwenyekiti alisema, akivuta kalamu. "Mimi nitaandika jina la Romani, polisi watajua la kufanya."

Sekela akamgeukia Romani. "Kaka, wewe ndiye uliyemshikia bibi kipaza sauti. Alikushika mkono akakuombea na wewe. Uliwezaje kumfanyia hivi?"

Romani alitaka kujibu, machozi yakamtangulia. Mtu mzima alilia mbele za watu kwa kosa asilolijua, na Revelian akashindwa kuvumilia.

"Mwenyekiti, usiandike," alisema. "Hao mashahidi si watatu. Isack ni mimi, Leonardi ni mimi, Stanley ni mimi. Nilikuwa nabadilisha maneno tu. Programu yenyewe sijawahi kuifungua."

"Ulijua kwamba ni mbaya?" Mwenyekiti akauliza.

"Nilishuku."

"Uliposhuku ukafanyaje?"

"Nikatafuta neno zuri zaidi."

Auleria alimtazama mumewe kana kwamba ndiyo kwanza anatambulishwa kwake. "Kumbe ndilo hilo shirika lako! Mie huku nanusa mashati! Afadhali angekuwa mwanamke, Baba Lulu. Mwanamke ningemfukuza."

Romani alichukua flashi yake, akaaga kwa heshima, akatoka bila kusubiri kuombwa radhi. Revelian alimpigia Wilbert pale pale. Simu zote mbili hazikupatikana.

"Na sauti ya bibi?" Sekela akauliza taratibu.

Revelian alifumbua kinywa. Mwalimu yule, ambaye kila neno alilijua na ndugu zake wote, hakupata hata moja la kumpa.

Auleria alishuku flashi, akamshuku mfanyakazi wake, akamshuku hata mwanamke asiyekuwepo duniani. Kilichomla alikuwa akikipikia chai kila asubuhi. Ama kweli, kikulacho ki nguoni mwako.