Hotuba Iliyotupwa

Wahenga walinena kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu. Asiyepayuka si kwamba hana la kusema. Pengine analipika mpaka liive.

Ragnhild Norlin alikuwa mtu wa namna hiyo. Alizaliwa kaskazini mwa Uswidi, kwa wakata magogo wanaosalimiana kwa kutikisa kichwa tu. Alipohamia Stockholm kuandika michezo ya televisheni na filamu, wenzake walipamba miswada yao kwa hotuba ndefu. Yeye alifuta, akafuta tena. Filamu yake ya kwanza iliporomoka. Ya pili ikaifuata ya kwanza.

Mswada wa tatu ulihusu baba ambaye mwanawe ameangukiwa na mti akafa. Birger, mkuu wa idara ya michezo ya kuigiza, aliusoma akakunja uso kama aliyelamba shubiri.

"Ragnhild, baba kafiwa halafu hasemi kitu? Tuandikie hotuba ya kuliza watu. Ukikataa, nampa mwingine aumalizie."

Torsten, mwigizaji mashuhuri aliyepewa nafasi ya baba, akadakia, "Nchi nzima inanijua kwa sauti, leo wewe wanigeuza gogo!"

Ragnhild aliutazama mswada. Baba wa mswadani alikuwa baba yake mzazi, na marehemu alikuwa kaka yake. Wala hakuwa amemwambia mtu. Hakubishana.

"Hotuba nitaandika," alisema. "Ila pigeni picha mara mbili, yenye hotuba na isiyo na hotuba, kisha mchague wenyewe."

Siku ilipofika, Torsten aliitoa hotuba kwa madoido yote. Mafundi wa taa wakapiga miayo. Ikaja zamu ya onyesho la Ragnhild: baba anaketi bandani, anazipaka nta mbao zake za kutelezea theluji. Akimaliza, anachukua za mwanawe, anazipaka vilevile, taratibu, kana kwamba kesho watatoka pamoja. Basi.

Torsten aliendelea kupaka nta. Mwongozaji alisahau kusema "kata". Mpiga picha alijifuta macho kwa sweta lake.

"Birger," Torsten alisema kwa sauti iliyokwaruza, "ile hotuba itupe."

"Una uhakika?"

"Itupe, bwana! Kwani huna macho?"

Filamu ilipoonyeshwa, simu za kituo cha televisheni zililia bila kukoma. Hata kwa Ragnhild ililia moja. Alikuwa baba yake, ambaye tangu msiba ule hakuwahi kulitaja jina la mwanawe.

"Nimemwona Håkan," akasema, kisha akakata simu. Ragnhild alilia kama mtoto, kilio alichokuwa amekibana tangu ujanani.

Tangu hapo milango ilifunguka. Miswada yake iligombaniwa, na waandishi vijana wakajifunza kwake kufuta. Alipotunukiwa tuzo kuu mbele ya umati, alipanda jukwaani, akasema "Asanteni," akashuka. Ukumbi mzima ulisimama, ukapiga makofi hadi viganja vikawaka moto.

Ama kweli, kimya kingi kina mshindo mkuu.