Filimbi ya Afande Nguchiro

Haya, niitikieni, na asiyeitikia nitajua amelala.

"Paukwa."

"Pakawa."

"Pakawa nini?"

"Pakawa bwawa."

"Bwawa la nani?"

"La aliyelala ndani."

"Na sisi je?"

"Tuna kiu."

Basi kaeni vizuri. Wewe uliyekaa mlangoni, ingia au toka, usiniletee upepo.

Hapo kale, katika msitu wa misaji huko Bara Hindi, alikuwapo Nguchiro. Mnamjua nguchiro: mnyama mdogo, mwembamba, mkia mrefu, macho hayatulii. Nguchiro huyu alikuwa askari. Alianzia chini kabisa, akilinda kivuko, jua lake, mvua yake. Akamkamata nyoka swila aliyekuwa akimeza mayai ya Tausi, akapewa unyoya mmoja wa kuvaa kwenye kofia. Akawakamata fisi watatu kwa siku moja, akapewa unyoya wa pili. Akafanya kazi, akafanya kazi, akafanya kazi, mpaka akapata unyoya wa tatu na kuwa Kamanda Mkuu wa Askari wa Msitu. Kila alipopita, wanyama walisimama wima.

"Shikamoo Afande."

"Marahaba."

Alilipenda sana hilo neno Afande, msidhani hakulipenda. Lakini kamanda naye ana bosi wake, na bosi wa Nguchiro alikuwa Nyati.

Nyati ndiye Mwenyekiti wa Bwawa. Shingo nene, pembe zimejikunja hadi mabegani, na bwawa lilikuwa hilo hilo moja msitu mzima. Nyati aliyapenda maji kupita kiasi. Aliyanywa yeye, aliyalalia yeye, aliyakojolea yeye. Na pamoja na ubabe wake wote alikuwa na haya: hakutaka kutazamwa akioga. Basi kila asubuhi wanyama walijipanga ukingoni, wanamtazama Mwenyekiti, Mwenyekiti anawatazama wao. Wanapiga saluti. Kisha Nguchiro anapuliza filimbi yake, priiiii, na kutoa amri.

"Nyumaaa, geuka!"

Wanyama wanageuka, gwa! Nyati naye anageuka, gwa! Halafu anaingia majini, chubwiii. Wenzake wanatazama miti, yeye anaoga. Akitoka, maji yameshakuwa tope, na tope hilo ndilo la wananchi.

Leo priiiii, gwa, chubwiii. Kesho priiiii, gwa, chubwiii. Miaka na miaka.

Siku moja Swala, ambaye mtoto wake alikuwa anaumwa, aliwahi kabla ya filimbi akanywa mafunda matatu ya maji safi. Nguchiro akamkamata, akamfunga siku saba.

"Amri ni amri," alimwambia.

 Swala alimtazama tu, na Nguchiro akaangalia pembeni.

Basi siku zikaenda, Nguchiro akazeeka, akastaafu. Akaenda kwa Kobe, karani wa stoo, kurudisha vitu vya kazi.

"Kofia?" Kobe akauliza.

"Hii hapa."

"Mkanda?"

"Huu hapa."

"Kirungu?"

"Hiki hapa."

Kobe akaisoma orodha yake taratibu mpaka mwisho, akaikunja. Filimbi haikuwemo kwenye orodha. Kobe hakuuliza, Nguchiro hakusema. Ilikuwa pale pale shingoni, chini ya manyoya. Hakuwa na nia mbaya, alikuwa ameizoea tu.

Mwaka huo jua likawaka bila huruma. Majani yakakauka, bwawa likarudi nyuma likabaki nusu, na Nyati akaijaza hiyo nusu kwa tumbo lake. Hata tope likawa la kugombania. Nguchiro akarudi nyumbani adhuhuri moja akawakuta wajukuu zake wanne wanalamba jiwe lililokuwa na umande asubuhi. Jiwe lilikuwa limeshakauka, wao wanalamba tu. Roho ikamuuma. Akatoka mbio mpaka bwawani.

"Mwenyekiti," alisema, "wajukuu zangu hawajanywa tangu juzi. Nakuomba kona moja tu ya maji."

Nyati hakuinua hata kichwa. "Unaomba wewe nani?"

"Mimi Afande."

"Afande yuko wapi? Hapa namwona panya mwenye mkia mrefu. Nenda kangoje tope na wenzako."

Nguchiro akarudi kwa mkewe, mkia unaburuzika. Mkewe alikuwa mwanamke wa maneno machache, na yote makali.

"Maji uliyowafungia wenzako, leo unayataka wewe," alisema.

"Ndiyo, mke wangu."

"Na Swala ulimfunga."

"Nilimfunga. Siku zote nalikumbuka lile jicho lake, naona aibu."

"Mimi usiniambie. Fanya jambo."

Nguchiro akakaa, akafikiri. Uchaguzi wa Mwenyekiti ulikuwa umebaki siku tisa. Akasema, "Nitagombea."

Msitu mzima ulicheka. Kima alicheka mpaka akaanguka kutoka tawini, puu! Na kweli kulikuwa na cha kuchekesha, kwa sababu uchaguzi wa huko haukuwa wa karatasi wala wa sanduku. Ulikuwa kura ya kisogo, na sheria yake aliitunga Nyati mwenyewe. Mgombea anasimama, wapiga kura wanajipanga nyuma yake. Korongo, msimamizi, anagonga mdomo wake mara tatu, kwa, kwa, kwa. Ikigongwa ya tatu, mgombea ambaye mstari wenu unatazama kisogo chake, huyo ndiye mmempa kura. Basi, imekwisha, hakuna rufaa. Nyati aliipenda sheria hiyo kwa kuwa aliweza kuona nani hayupo mstarini kwake.

Akapita kila kichaka akitangaza kampeni yake, nayo ilikuwa fupi. "Nisiyemwona mgongoni kwangu, hata tope hatalinusa."

Nguchiro hakufanya kampeni. Alimwambia mkewe neno moja sikioni. Mkewe akamkazia macho, halafu kwa mara ya kwanza tangu ukame uanze, akacheka.

Siku ikafika. Nyati akasimama kwenye kiwanja, kifua mbele. Nyuma yake akaja Dubu, nyuma ya Dubu akaja Kima, nyuma ya Kima akaja Nungunungu, na kila mmoja akawa anamwachia Nungunungu nafasi. Wakaja wote. Swala akaja, kichwa chini. Mstari ukakizunguka kichuguu ukaendelea. Wa mwisho kabisa akaja mke wa Nguchiro.

Nyati akapasuka kwa kicheko. "Jamani, hata mkewe!"

Korongo akatazama upande wa pili wa kiwanja. Hapakuwa na mtu. "Mgombea Nguchiro yuko wapi?"

"Niko huku," ikasikika sauti ndogo kutoka mkiani mwa mstari. Nguchiro alikuwa amesimama nyuma ya mkewe, amenyooka, mikono ubavuni.

"Mgombea unajipanga kwa mwenzako?"

"Kwani sheria inasema nisimame wapi?"

Korongo akaifikiria sheria, mguu mmoja juu. Sheria haikusema.

"Mwache," Nyati akasema, raha imemjaa. "Ana akili. Gonga mdomo tukaoge."

Korongo akagonga. Kwa.



Akagonga tena. Kwa.

Nguchiro akaingiza mkono chini ya manyoya ya shingo. Priiiii!

"Nyumaaa, geuka!"

Gwa! Mstari mzima uligeuka. Hakuna aliyefikiri, miguu ilijigeukia yenyewe. Dubu akageuka, Kima akageuka, Nungunungu akageuka na wa karibu wakaruka. Na kule mbele kabisa Nyati, aliyeigeukia filimbi hiyo asubuhi zote za utu uzima wake, naye akageuka, gwa! akanyanyua mguu kuyatafuta maji. Nguchiro naye aligeuka pamoja nao, akawapa kisogo.

Kwa, Korongo akagonga ya tatu.

Ndipo wakatazamana. Aliyekuwa mkiani yuko mbele. Aliyekuwa mbele yuko mkiani, mguu mmoja hewani.

Korongo akamwendea mke wa Nguchiro. "Mstari huu unatazama kisogo cha nani?"

"Cha mume wangu," akajibu. "Leo amekiosha."

Korongo akatembea hadi mwisho. "Na wewe, mzee Nyati?"

"Mimi nimegeuka tu," Nyati akanguruma. "Ni mazoea."

"Sheria haina kifungu cha mazoea. Na sheria ni yako." Korongo akainua shingo akatangaza. "Nguchiro amepata kura zote, pamoja na ya mpinzani wake."

Watu wangu, mlio wa furaha uliotoka pale! Nyati alitaka kushambulia, lakini alipotazama mbele yake aliona mstari mrefu wa migongo, na mgongo wa karibu ulikuwa wa Dubu, na Dubu alikuwa na kiu ya miaka. Nyati akashusha pembe, akaenda kukaa kivulini.

Asubuhi iliyofuata wanyama wakaja bwawani. Maji yalikuwa yametulia, safi, yanaonyesha anga. Wakajipanga ukingoni. Na kabla Nguchiro hajasema kitu, wakageuka wenyewe, gwa, wakayapa maji mgongo, wakangoja.

Nguchiro aliwatazama hao waliogeuka bila filimbi, machozi yakamlenga. Hiyo ndiyo kazi aliyoifanya kwa unyoya wa kwanza, wa pili, wa tatu. Akazunguka mstari mpaka akawa uso kwa uso na Swala.

"Dada Swala," akasema, "nilikukosea. Geuka unywe. Wewe kwanza, na mtoto wako."

Swala alimtazama kwa lile jicho. Kisha akageuka polepole, akainamisha shingo, akanywa funda moja, la pili, la tatu. Alipofika la nne akainua kichwa kuangalia kama anakamatwa. Hakuna aliyemkamata, basi akaendelea kunywa. Wengine wakafuata, na wajukuu wanne wa Nguchiro wakaingia mpaka masikioni. Nyati naye alikunywa, zamu yake ilipofika, kati ya Kima na Nungunungu.

Nguchiro akiwa amesimama pale akipokea shikamoo, mkewe akamvua filimbi shingoni.

"Hiyo ya nini?" Nguchiro akauliza.

"Naiweka mimi," mkewe akasema, akaivaa. "Na wewe nakufahamu."

Basi, mimi nimechoka na koo limekauka. Hadithi nimeitua hapa, mwenye mabega aichukue, asiye na mabega aniletee maji.

Na funzo lake, wanangu, ni hili, lishikeni vizuri: mtu akistaafu, arudishe kila kitu cha ofisi, hata filimbi. Mambo ya kubaki na vitu vya serikali hayajawahi kumletea mtu yeyote heri.