Mpeleka Barua wa Watu Watatu

Hapo zamani, si zamani ya majini wala ya wafalme, bali ile ya sinema zisizo na rangi, kulikuwa na mwigizaji mmoja huko Madrid, nchi ya Uhispania, jina lake Fermín Oroz. Hakuwahi kuwa nyota. Nyota akiingia mkahawani, Fermín ndiye aliyemwandalia kahawa. Nyota akioa, Fermín ndiye padri. Nyota akiua mtu, aliyeuawa ni Fermín. Aliigiza filamu tisini, na katika zote jina lake lilipita mwishoni, watu wakiwa wameshainuka kutafuta makoti yao.

Siku moja akapewa nafasi ya mpeleka barua. Kazi yenyewe ndogo: apande ngazi, ampe mama mmoja barua, aondoke. Mama yule hakujua kusoma, na barua ilisema kwamba mwanawe, aliyekwenda kufanya kazi kiwandani Ujerumani, amekufa.

Jioni, wakinywa supu ya dengu, Fermín akamsimulia mkewe Remedios, naye akaweka kijiko chini.

"Baba yangu alikuwa mpeleka barua," akasema. "Jambo hilo lilimfika kweli: mama asiyejua kusoma, na barua ya msiba. Alivua kofia, akafungua barua, akamsomea yule mama maneno ambayo hayakuandikwa. Akarudi nyumbani, akamsimulia mama yangu huku analia. Sijapata kumwambia mtu."

Kesho yake Fermín akapanda ngazi mbele ya kamera. Hakuondoka. Akavua kofia, akafungua barua, akasoma: "Mama, koti ulilonishonea linanipasha moto."

"Simama!" mwongozaji akafoka. "Nani kakwambia useme?"

Wakarudia. Fermín akavua kofia, akasema yale yale.

"Ukithubutu tena, huna kazi hapa!"

Wakarudia. Fermín akavua kofia, akasema yale yale. Safari hii mpiga kamera alikuwa akijifuta machozi, na mwongozaji akaiacha ibaki hivyo.

Siku hizo sauti iliingizwa baadaye, studioni. Wiki hiyo Fermín alikuwa kitandani, koo limevimba, hata kunong'ona hawezi. Akaitwa Anselmo Quiroga, mtu aliyeishi kwa kuziazimisha nyuso za wengine sauti yake. Anselmo akaitazama midomo ya Fermín siku nzima. Kisha akayasema yale maneno, na pale kwenye "koti" sauti ikamkatika, kama anayemeza jiwe.

Filamu ikatoka. Nyota wake wakasahaulika. Mpeleka barua hakusahaulika. Kwa miaka thelathini, kila Fermín alipokwenda kununua mkate, muuzaji alimwambia, "Don Fermín, tusemee lile la koti!" Naye alisema. Lakini watu walitaka sauti waliyoisikia, si yake. Basi akajifunza kumwiga Anselmo, akikatika pale pale Anselmo alipokatika. Wala hakumwambia mtu.

Kumbi za sinema zikafungwa moja moja, na simu za kumwita kazini zikakoma. Ndipo ilipofika barua kutoka mji mdogo wa milimani karibu na Madrid, palepale filamu ilipopigwa: wametengeneza sanamu ya shaba ya mpeleka barua, aje wachonge jina lake. Fermín akaisoma mara mbili. Akakumbuka joto la zile taa, poda ikimwasha shingoni, vicheko wakati wa mapumziko. Nusu ya wale waliocheka walikuwa makaburini. Akampigia Anselmo simu: "Njoo twende, ndugu yangu."

Jumapili, baada ya misa, uwanja ulijaa, na Remedios na Anselmo wakasimama kando ya Fermín. Mchongaji alishika patasi. Kibao cha chini ya sanamu kilitosha jina moja tu. Fermín akashindwa kuvumilia, akawaeleza watu yote.

"Basi semeni wenyewe," akasema meya.

Remedios akasema, "Bila baba yangu, mpeleka barua angetoa barua akashuka ngazi. Nilitoa siri ya marehemu, na filamu haikunitaja popote."

Anselmo alikuwa amepasuliwa koo. Watu wakasogea kumsikia. "Mnapoyasema yale maneno majumbani mwenu, mnamwiga nani?" akanong'ona. "Sauti ile sinayo tena. Imebaki mle filamuni tu."

Fermín alikuwa amekuja akitaka kuwaachia hao wawili kibao. Lakini alipoitazama ile kofia ya shaba, moyo ukakataa.

"Siri ilikuwepo, na sauti ilikuwepo," akasema, "lakini aliyehatarisha kazi yake ni mimi, na uso ule ni wangu. Nimewanyamazia hawa wawili miaka thelathini, nakiri. Ila katika filamu tisini, mnanikumbuka kwa hii moja. Nataka jina langu."

Remedios, bila hasira, akamnyooshea kola ya shati.

Mchongaji akawageukia watu: "Nichonge lipi?"

Wakabishana mpaka chakula cha mchana kikapoa majumbani, na wengine wanabishana hadi leo. Sasa patasi naiweka mikononi mwenu, nyinyi mnaonisikiliza. Aliyetoa siri, aliyetoa sauti, au aliyetoa uso akanyamaza: je, nani alistahili?