Mwanamke Aliyekataa Kuanguka

Umewahi kujiuliza, yule koboi wa kwenye filamu anayepigwa risasi na kuporomoka kutoka juu ya farasi, ni stelingi mwenyewe kweli? Si yeye. Wakati huo stelingi amekaa kivulini anafutwa jasho. Anayeanguka ni mtu mwingine, kavalishwa kofia na koti kama lake.

Huko Marekani alikuwepo mtu wa kazi hiyo, Harlan Tubbs. Kwa miaka thelathini alianguka badala ya wengine: kutoka kwenye farasi, kwenye mapaa, kwenye magari ya kukokotwa na farasi. Mbavu zilimvunjika mara nne. Watazamaji walimshangilia bila kuijua sura yake.

Magoti yalipochoka, mwongozaji wa filamu, Bwana Kessler, alimwambia, "Nichagulie mtu wa kushika nafasi yako."

Wakaja watatu: vijana wawili, Cole na Jasper, na Lorena, binti wa mfuga farasi. Mtihani ulikuwa mmoja. Farasi alikuwa mmoja kwa wote, mwekundu: mpande, mtimue mbio, kisha anguka penye mchanga.

Cole akaanguka vizuri. Jasper akaanguka vizuri zaidi, akabingirika mara tatu na kuinuka anacheka. Watu wakapiga makofi.

Ikafika zamu ya Lorena. Akapanda, akaenda hatua chache, akamsimamisha farasi. Akashuka.

"Sianguki," alisema.

Kessler akatazama saa yake. "Unaogopa?"

"Ndiyo, bwana. Farasi huyu hakanyagi sawa. Mguu wa mbele wa kushoto anaogopa kuukanyagia."

"Wenzako si wameanguka salama?"

"Nimewaona. Lakini mimi simpandi tena."

Vicheko vikazuka. Jasper akapaza sauti, "Arudi kwao akakamue ng'ombe!" Machozi yakamlenga Lorena, maana kazi ile aliitamani tangu utotoni. Hata hivyo, hakuzigusa tena hatamu.

Harlan hakucheka. Akapiga goti kwa shida, akauinua ule mguu, akaikwangua kwato kwa kisu.

Wote wakainama kutazama. Palikuwa na ufa mrefu unaopanda hadi kwenye nyama. Mbio moja tu zaidi, na farasi angeanguka mzimamzima na kumlalia aliyempanda.

"Nimempata mtu wangu," Harlan akasema. "Ni Lorena."

"Hata hajaanguka!" Kessler akashangaa.

"Kuanguka nitamfundisha. Kukataa huku watu wanakucheka, hilo sijui hufundishwaje."

Kessler akatabasamu. "Kumbe ulikuwa mtego, mzee! Umemleta farasi mgonjwa makusudi ili uwapime."

Harlan akatikisa kichwa. Uso ulikuwa umempauka.

"Hapana. Nimemtandika mwenyewe asubuhi hii kwa mikono yangu, na sikuona kitu. Hawa vijana wawili ningeweza kuwaua."

Kisha akamgeukia Lorena na kuvua kofia yake. "Binti yangu, kabla sijakufundisha chochote, hebu nieleze. Umejuaje?"

Funzo: Makofi humwendea anayethubutu kuruka, lakini roho za watu huokolewa na anayethubutu kusema "hapana" huku akichekwa, na bingwa wa kweli haoni haya kumuuliza mdogo wake. Mpelekee hadithi hii mwenzako anayeogopa kuitwa mwoga.