Mtemi Aliyeona Wasiokuwepo

Hadithi hii nililetewa na mtu siku nilipoihitaji, nami leo naipitisha kwako. Isome taratibu. Ukimaliza, mpelekee yule unayemjua ambaye ana jambo linalomtisha kichwani mwake na hajathubutu kumwambia mtu.

Palikuwa na nchi ikiitwa Ilyamba, nchi ya nyasi ndefu na ng'ombe wengi, na mtawala wake alikuwa mwanamke, Mtemi Kalunde. Alirithi kiti cha baba yake akiwa bado msichana, akatawala mpaka nywele zikawa nyeupe. Muda wote huo Ilyamba haikupigana na jirani yeyote, na watu walimpenda kwa hilo.

Mihambo, mdogo wake kwa baba, alimchukia kwa hilo hilo. Yeye alikuwa mkuu wa askari. Alikuwa na mikuki inayong'aa, vijana wenye nguvu, lakini hakuwa na pa kwenda nao.

Uzeeni macho ya Kalunde yakaingia ukungu. Kwanza alishindwa kutambua sura za watu wakiwa mbali, halafu hata wakiwa karibu. Hakuhangaika sana. Watu wake aliwajua kwa sauti, na kesi husikilizwa kwa masikio.

Kilichomkosesha amani kilikuja asubuhi moja akiwa amekaa nje ya nyumba yake anakunywa uji. Juu ya ukuta wa boma aliona watu wadogo, kimo chao hakizidi kata ya maji, wamevaa nguo nyekundu na kofia ndefu. Walipita polepole, mmoja nyuma ya mwingine. Aliwaona waziwazi zaidi, hata shanga za shingoni mwao, kuliko alivyokuwa amemwona binadamu yeyote kwa muda mrefu.

Kata ikamponyoka, uji ukamwagika. Wanawake waliokuwa wakifagia uwanja walikuja mbio.

"Mtemi, umeungua?"

"Hapana," akasema. "Mkono umeteleza tu."

Walirudi kufagia. Wale watu wadogo walipita juu ya vichwa vyao, na hakuna hata mmoja aliyeinua macho.

Tangu siku hiyo hawakumwacha. Mara ni watu wadogo, mara ni ukuta mzima uliojaa maua ya rangi asizowahi kuziona, mara ni ng'ombe mweupe amesimama katikati ya chumba anamtazama. Kalunde alinyamaza. Alijua sheria ya Ilyamba, kwamba mtemi aliyerukwa na akili huondolewa kitini, akajengewa kibanda ng'ambo ya mto, na jina lake halitajwi tena. Na ambaye angefuata kukikalia kile kiti alikuwa Mihambo.

Lakini siri ya namna hiyo haifichiki sana. Siku moja barazani alinyoosha mkono akasema, "Yule mgeni aliyesimama mlangoni, mpeni kiti." Wazee wakageuka. Mlangoni hapakuwa na mtu. Kalunde akacheka kidogo, akasema ni utani, na baadhi yao wakacheka pamoja naye. Mihambo hakucheka. Alimtazama dada yake kama mwindaji aliyeona nyayo.

Jioni hiyo Kalunde alimwita binamu yake, Nyamizi, mjane aliyekua naye wakila sahani moja. Alipomaliza kumweleza alikuwa akilia.

"Sema ukweli, Nyamizi. Nimelogwa? Au nimekuwa kichaa?"

Nyamizi hakukimbia, wala hakushika kichwa. Aliuliza, "Wanaongea na wewe?"

"Hawana sauti kabisa."

"Wanakuamuru kitu?"

"Hata hawanijali. Wanapita tu, kama watu wanaokwenda sokoni."

"Basi ngoja tuwachunguze," Nyamizi akasema.

Asubuhi alikuja na kikapu cha majivu, akayatandaza sakafuni mpaka chumba kizima kikawa cheupe. Wakakaa kitandani wakasubiri. Jua lilipopanda, wale watu wadogo wakaja, wakacheza juu ya majivu wakizunguka na kurukaruka.

"Wapo?" Nyamizi akanong'ona.

"Wamejaa tele."

Nyamizi akainama akayachungulia majivu, kisha akaushika mkono wa Kalunde na kuupitisha juu yake taratibu, kutoka ukutani hadi ukutani. Yalikuwa laini kama unga uliochekechwa. Hapakuwa na hata alama ya kidole.

"Hawapo, dada," akasema. "Unamkumbuka baba yangu? Alikatwa mkono, akapona, lakini mpaka anaingia kaburini alilalamika kwamba vidole vya mkono ule vinamwasha. Alikuwa anajua haupo. Akili yake ndiyo ilikuwa bado inautafuta. Nadhani na ya kwako ni hiyo hiyo. Macho yameacha kuleta habari, na akili haipendi kukaa bure, basi inachora yenyewe."

Kalunde aliupangusa mkono uliojaa majivu. Kisha, kwa mara ya kwanza tangu uji ule umwagike, akavuta pumzi ndefu mpaka mabega yakashuka.

"Kwa hiyo mimi si kichaa."

"Kichaa angegombana na mimi kuhusu majivu."

Wakacheka mpaka mbavu zikawauma.

Haukupita muda, Mihambo akaitisha baraza la nchi. Watu walijaa uwanjani, wazee mbele, askari pembeni na mikuki yao. Kalunde alikaa kwenye kiti chake, Nyamizi nyuma yake.

"Wazee wangu," Mihambo akaanza, "leo nina mambo mawili. La kwanza, majirani zetu wa Usunge wanajiandaa kutushambulia. Asubuhi hii nilikuwa juu ya kilima, nimeona kwa macho yangu mikuki yao, mingi mno, inateremka bondeni kwenye vumbi. Tukichelewa tumekwisha. La pili ni chungu zaidi. Atakayetoa amri ya vita ni mtemi, na mtemi wetu anaongea na hewa."

Watu wakanong'onezana.

"Dada, ninakuheshimu," Mihambo akaendelea, sauti imekuwa tamu. "Tuondolee shaka tu. Tazama pale kwenye lango la boma. Tuambie unaona nini."

Ulikuwa mtego, na Kalunde aliujua. Akisema haoni kitu, huenda pana kitu. Akitaja anachokiona, huenda hakipo. Alitazama langoni. Pale alimwona twiga mweupe, amevaa shada la maua ya manjano, mrefu kuliko nyumba zote.

Angeweza kukisia. Badala yake akasimama.

"Naona twiga mweupe amevaa maua," akasema kwa sauti iliyofika nyuma kabisa. "Mzuri sana. Natamani na ninyi mngemwona. Lakini hayupo."

Watu wakaguna. Mihambo akafungua kinywa, Kalunde akamnyamazisha kwa mkono.

"Najua hayupo, kwa sababu mbwa hulala pale langoni na hakuna aliyebweka. Wazee wangu, macho yangu yamekufa, na tangu yafe akili yangu inanionyesha visivyokuwepo. Nilikuficheni kwa hofu. Leo hofu imeniishia. Kila ninachokiona sasa, nauliza kwanza kabla ya kukiamini."

"Mmesikia!" Mihambo akapaza sauti. "Amekiri kwa kinywa chake! Akili yake inamdanganya! Je, nchi iongozwe na akili inayodanganyika?"

Wazee wakatazamana. Mzee Sayi, mkubwa wao wote, aliinamisha kichwa kwa huzuni. Alimpenda Kalunde, lakini sheria ilikuwa sheria.

"Swali zuri," Kalunde akasema. "Litajibiwa na baraza lote. Kabla sijainuka kwenye kiti hiki, nipeni ombi moja dogo. Nyamizi, lete kile kibuyu."

Nyamizi akaleta kibuyu kidogo kilichozibwa kwa nta na kufungwa kitambaa mara kadhaa, akikibeba mbali na pua yake.

"Hii ni dawa ya mizizi kutoka nchi ya mbali," Kalunde akasema. "Harufu yake ni kali, si nzuri, ila haina madhara. Nataka kujua inasafiri kwa kasi gani uwanjani. Atakayeisikia ainue mkono."

Nyamizi akakizibua, akamimina kidogo kwenye pamba, akageuza uso upande kama mtu aliyechomwa puani. Akaipunga pamba hewani.

Kitambo kidogo mzee mmoja wa mbele akainua mkono, akakunja uso. Kisha wa pili. Mikono ikaanza kupanda safu kwa safu kuelekea nyuma, kama upepo unavyopita kwenye shamba la mtama. Mwanamke mmoja akaziba pua kwa khanga. Askari mmoja akakohoa. Mzee Sayi mwenyewe akainua mkono akasema, "Kama vitunguu vilivyooza."

"Na wewe, ndugu yangu?" Kalunde akauliza. "Mihambo, umeisikia?"

"Nani asiyeisikia?" Mihambo akajibu kwa hasira. "Imenipanda mpaka kichwani. Kizibeni!"

"Una hakika?"

"Naapa kwa kaburi la baba yetu. Harufu ya mzoga!"

Kalunde akanyoosha mkono. Nyamizi akampa kibuyu. Mtemi akakiinua, akanywa chote mpaka tone la mwisho, akajifuta mdomo kwa kiganja.

"Ni maji," akasema. "Yametekwa asubuhi hii kwenye kisima chenu."

Mikono ilibaki imeinuliwa, wenyewe wamesahau kuishusha. Kisha Mzee Sayi akautazama mkono wake uliokuwa bado juu, na kicheko kikamtoka, kicheko cha mzee kinachoanzia tumboni. Akaangukia bega la jirani yake. Uwanja mzima ukalipuka. Watu walicheka, wakanusana, wakaoneshana vidole: "Wewe ulikohoa!" "Na wewe uliziba pua!"

Kalunde alingoja mpaka wakatulia.

"Mimi nilimwona twiga asiyekuwepo, nikawaambia hayupo," akasema. "Ninyi mmesikia harufu isiyokuwepo, na mmoja wenu ameapa kwa kaburi. Sasa niambieni, nani kati yetu wa kuogopwa?"

Mzee Sayi alisimama, machozi ya kicheko bado mashavuni, lakini sauti yake ilikuwa imebadilika.

"Mihambo," akasema, "ile mikuki uliyoiona kutoka kilimani. Uliikaribia?"

"Niliiona, mzee."

"Hata harufu uliisikia. Ninauliza, uliikaribia?"

Mihambo akaangalia upande wa kilima. "Kulikuwa na vumbi. Lakini ni mikuki. Ilikuwa mirefu. Ingekuwa nini kingine?"

"Waende watu wakaone," Kalunde akasema.

Wakapelekwa watu wawili wenye mbio, mmoja wa Mihambo na mmoja wa wazee. Baraza likasubiri pale pale juani, hakuna aliyeenda nyumbani. Waliporudi walikuwa wanatweta na wanatabasamu.

"Ni mianzi!" yule askari wa Mihambo akapiga kelele kabla hajafika. "Watu wa Usunge wamebeba mianzi mabegani! Wanajenga daraja mtoni, wanataka tuvuke kwenda soko lao! Wametupa salamu tumpe Mtemi!"

Vigelegele vikapasua anga. Wanawake wenye watoto jeshini walikumbatiana. Wale vijana waliokuwa tayari kuua na kufa asubuhi ile walitupa mikuki chini, wakamwinua Kalunde na kiti chake, wakamzungusha uwanja mzima, naye akiwa ameshikilia mikono ya kiti na kucheka kama msichana.

Walipomshusha, watu walidhani atamfukuza Mihambo. Alimwita mbele.

"Wewe hukusema uongo," akamwambia kwa upole. "Ulitamani vita, na macho yako yakakuletea vita. Kosa lako ni kwamba hukusogea kutazama. Kesho utachukua vijana wako uende ukasaidie kubeba hiyo mianzi."

Mihambo aliinama mpaka paji la uso likagusa vumbi. Alikwenda. Daraja lilipoisha, inasemekana yeye ndiye aliyelipigania lisiharibiwe na mtu.

Kalunde hakuondolewa kitini. Akatawala mpaka mwisho wa maisha yake, na ilikuwa kawaida kumsikia barazani akiuliza mbele ya watu wote, "Yule aliyesimama kando ya Sayi, yupo au ni wangu?" Wakamjibu, na kesi ikaendelea.

Lakini lililowashangaza wengi lilitokea alasiri ile ile ya baraza, umati ulipoanza kutawanyika. Mpiganaji mmoja mkongwe, mtu mwenye makovu ambaye hakuna aliyewahi kumwona akiogopa, alisogea mpaka mbele ya kiti, akageuza kofia yake mikononi.

"Mtemi," akasema kwa sauti ya chini, "tangu mke wangu afariki, namsikia akiniita jina langu kila nikilala. Nilidhani nimeharibikiwa. Sijawahi kumwambia mtu."

Nyuma yake mama mmoja alikuwa amesimama anangoja zamu. Nyuma ya mama yule palikuwa na mwingine, na mwingine.

Kalunde akapapasa kando yake, akavuta kigoda.

"Kaa hapa, ndugu yangu," akasema. "Nieleze. Sauti yake ikoje?"

Funzo: Akili ya kila mtu inaweza kudanganyika, ya mtawala na ya askari, yako na yangu; mwenye busara ni yule anayethubutu kusema anachokiona, akauliza wenzake, akasogea kuhakikisha kabla ya kuapa.