Msalaba wa Nakundwa

Hapo zamani, zamani ambayo mimi mwenyewe nilikuwepo, siku ya Alhamisi tarehe kumi na nne Aprili, saa tatu na dakika ishirini asubuhi, maji ya bwawa yaliingia jikoni kwa dada yangu Nakundwa yakazima moto kati ya mafiga. Saa naikumbuka kwa sababu redio ilikuwa inasoma matangazo ya vifo. Walisoma majina mengi. Jina la Ndalambe, kijiji chetu, hawakulisoma, ingawa ndicho kilichokuwa kinakufa siku ile.

Malori yakatubeba. Tukashushwa mahali pakavu, tukapewa viwanja, na mahali hapo pakaitwa Kijiji Kipya. Sasa kina miaka thelathini na moja. Mabati yameota kutu, watoto waliozaliwa hapo wameanza kuota vipara, na bado kinaitwa Kipya.

Sote tulizoea, isipokuwa dada. Mtu akimwuliza, "Habari za hapa, Bibi?" yeye hujibu, "Sijui, waulize wenyeji. Mimi nimekuja kutembea tu."

Mwaka jana mtoto wa jicho alimziba macho yote mawili. Mwaka huu miguu ikagoma, kisha tumbo likakataa chakula. Akalala, akageukia ukuta, akawa na neno moja tu.

"Nipelekeni nyumbani."

"Uko nyumbani, dada," nikamwambia.

"Hapa? Hapa nimekuja kutembea."

Sasa sikilizeni polepole, maana na mimi nasema polepole. Katika ukoo wetu, anayebeba msalaba mbele ya jeneza si mbebaji tu. Yeye ndiye anayekuwa mwenye nyumba. Krismasi watu hukusanyika kwake. Ugomvi humalizwa na neno lake. Popote aendako, akirudi pale hawezi kuitwa mgeni tena, wala watoto wake. Na marehemu ndiye humchagua, kabla hajafumba macho.

Dada akasema, mbele yangu na mbele ya Mchungaji, "Atakayenifikisha nyumbani ndiye atakayebeba msalaba wangu."

Mchungaji akaniangalia. Mimi nikaangalia chini. Nyumbani kulikuwa na maji kimo cha mnara wa kanisa.

Watu watatu waliutaka msalaba ule, na wote watatu ni waandishi. Mungu ana mizaha yake.

Wa kwanza ni Sifueli, mtoto wake mkubwa. Aliondoka mwaka ule ule wa maji, akaenda Ulaya, na huko ameandika vitabu vinne kuhusu Ndalambe. Nyuma ya kila kitabu kuna picha yake amevaa sweta. Wa pili ni Mbonea, mdogo wake. Huyu hajatoka. Ni mwandishi wa mikutano ya kijiji, na ana kaunta buku nene ambamo ameandika Ndalambe yote, njia kwa njia, mfereji kwa mfereji. Wa tatu ni Inamahoro. Baba yake alikuja kutoka Burundi kukata mkonge, akafa kambini, na mama yake hakukawia kumfuata. Dada alimchukua akiwa na miaka miwili, akamlea kama mjukuu. Leo ni mwalimu, na anaandika hadithi za watoto. Ndalambe hajaiona hata kwa picha, maana alizaliwa maji yakiwa yameshajaa.

Sifueli akapanda ndege akaja. Siku ya kwanza akasema, "Mama, nitakodi boti, tuzunguke juu yake."

"Nimesema nataka kwenda nyumbani," dada akajibu. "Sikusema nataka kuoga."

Basi Sifueli akatoa kitabu. Ilikuwa Jumatatu, baada ya chai. Akasoma kwa sauti nzuri, sauti ya redio. Akasoma juu ya vilima, na juu ya mbalamwezi iliyomwagika juu ya migomba, na juu ya mbalamwezi iliyolala kwenye mfereji.

Dada akasikiliza. Akasema, "Mbona mwezi unawaka kila ukurasa? Sisi tulikuwa na koroboi."

"Ni mtindo, Mama."

"Haya, endelea na mtindo."

Sifueli akafunua kurasa mbele, akasoma tena. Akasoma jinsi makande yalivyokuwa yanachemka jikoni, mahindi na maharage yakigongana chini ya mfuniko, na moshi wa kuni mbichi, na mama yake akionja kwa kiganja, akisema bado, bado kidogo. Nilisikia njaa mimi niliyetoka kula.

Dada akageuka kutoka ukutani. Pua yake ikacheza. Akaketi. Siku sita hakuwa ameketi.

"Nipeni makande," akasema.

Tukampa. Akala sahani, akadai nyingine. Watu uani wakapiga vigelegele, na Sifueli akavua miwani akafuta macho.

"Mama, umefika?"

"Nimeamka, mwanangu. Umeniamsha. Lakini nimeamkia Kijiji Kipya."

Jumanne, baada ya chai, Mbonea akaleta kaunta buku lake. Sauti yake ni kavu, sauti ya mtu anayesoma kumbukumbu za mkutano.

"Kutoka mlango wa kanisa hadi kwa Nakundwa ni hatua mia mbili na kumi na nne," akasoma. "Hatua ya thelathini, jiwe la kunolea visu. Hatua ya sitini, kushoto, kwa Mzee Kapita, ambaye alikuwa akifungua mfereji siku isiyo zamu yake."

"Ee!" akaruka mjukuu wa Kapita, aliyekuwa amekuja kutuona. "Babu yetu hakuiba maji!"

"Imeandikwa," akasema Mbonea.

"Umeandika wewe!"

"Aliiba," dada akasema. "Nyanya zangu zilikauka. Soma, Mbonea."

Akasoma. Na hapo likatokea jambo ambalo Mchungaji alilishuhudia. Dada akashusha miguu kitandani, akadai fimbo, akatoka nje. Kipofu, mgonjwa, anatembea! Mbonea akasoma nyuma yake, naye akahesabu. Kwenye jiwe la kunolea visu aliinua mguu, ingawa jiwe halikuwapo. Penye mfereji alishika kanga yake isilowe. Hatua ya tisini akajigonga kwenye banda la kuku.

"Hili haliko kwenye kitabu!" akafoka, akalizunguka, akarudi kwenye mstari.

Hatua mia mbili na kumi. Kumi na moja. Mia mbili na kumi na nne. Akasimama mbele ya ukuta wa nyuma wa nyumba ya Mbonea. Akanyoosha mkono akagusa tofali.

"Mlango uko wapi?"

Mbonea akafunga kaunta buku.

"Soma, mwanangu. Ndani kukoje?"

"Ndani sikuandika, Mama," Mbonea akasema. Mtu mzima wa miaka hamsini na mbili, midomo inamcheza. "Nimejaribu mara tatu. Kila nikifika mlangoni namwona Baba amekaa, na kalamu inagoma."

Elisafi, shemeji yangu, alifariki miaka miwili kabla ya maji. Alikuwa mtu mkimya. Ukimweleza habari ndefu, nzuri au mbaya, alijibu, "Ehee," basi.

"Umenifikisha uani," dada akasema. "Sasa nimechoka. Nirudisheni."

Jumatano, baada ya chai, Inamahoro akaja na karatasi mbili alizozitoa kwenye daftari la shule. Mzee mmoja wa ukoo akamzuia mlangoni.

"Mwalimu, na wewe unampeleka wapi? Nyumbani huko wewe ulikuona lini?"

"Sijakuona, Babu."

"Basi utaandika nini? Uongo?"

"Mwache aseme uongo wake," dada akaita kutoka ndani. "Sifueli amenisomea miezi saba angani nikamvumilia."

Inamahoro akaketi kwenye kigoda, akasoma.

"Nakundwa akafika mlangoni. Miguu ilikuwa na vumbi la safari ya miaka thelathini na moja. Akapiga hodi. Ndani mtu akakohoa mara mbili, akasema: Karibu mke wangu kipenzi, nimekungoja muda mrefu, moyo wangu ulikuwa..."

"Hapana, hapana," dada akamkatiza. "Kukohoa ni kwake. Hayo mengine ni ya nani? Elisafi alikuwa anasema Ehee tu."

Tulicheka. Hata mzee wa ukoo alicheka. Inamahoro akachukua kalamu, akakata mistari mitatu mizima, akaandika neno moja, akasoma tena.

"Akapiga hodi. Ndani mtu akakohoa mara mbili."

Dada akasema mwenyewe, taratibu, "Hodi."

Na Inamahoro akasoma, "Ehee."

Basi uso wa dada ukafunguka. Sijui neno jingine la kusema. Akajishika shingoni akalegeza kilemba, kama mtu aliyetoka juani. Akasema, "Nimefika." Akalala ubavu, si wa ukutani, akapumua mara chache. Nilimshika mkono mpaka Bwana alipomchukua, saa tano na nusu asubuhi.

Siku ya maziko msalaba ulikuwa umeegemezwa ukutani, umepakwa rangi nyeupe, jina na tarehe vimeandikwa. Mchungaji akauliza nani anaushika. Mikono mitatu ikaushika pamoja.

Sifueli akasema, "Mimi ndiye niliyemwamsha. Alikuwa amelala anangoja kufa. Asingeamka, angetembea? Ninyi mnaniita Mzungu mkinitania, na kule wananiuliza narudi lini kwetu. Vitabu vinne nimeandika nikitafuta mlango mmoja nisioingia kama mgeni."

Mbonea akasema, "Mimi ndiye niliyemwongoza. Hatua mia mbili na kumi na nne, hakuna niliyoizidisha wala niliyoipunguza. Huyu kaka yangu anasema ukiwa mbali ndipo unaona vizuri. Ukiwa mbali unaona mwezi! Miaka thelathini na moja nimemchotea Mama maji. Leo nikose?"

Inamahoro akasema, "Mimi ndiye niliyemfungulia. Ninyi mlimfikisha ukutani."

"Kwa uongo!" Mbonea akasema.

"Kile kikohozi si uongo, Baba mdogo. Bibi alinisimulia miaka ishirini tukichambua maharage. Nilijua Babu anakohoa mara ngapi, anaweka wapi kofia, anakaa upande gani wa moto. Sina kijiji kingine kichwani. Nikiulizwa kwetu ni wapi, najibu Ndalambe."

Yule mzee wa ukoo akasema, bila ubaya, kama anavyotangaza ratiba, "Msiba ukiisha, mwalimu atakwenda kwao."

Inamahoro akamgeukia. "Kwao wapi, Babu? Nielekeze, niandike hatua."

Hakuna aliyecheka hapo. Sifueli akasema, "Lakini, binti, ulichosoma mwisho si ulichoandika. Mama ndiye aliyekusahihisha."

"Na wewe nani alikusahihisha mwezi?"

"Na daftari langu nani alilisahihisha?" Mbonea akasema.

"Banda la kuku," nikasema mimi, na Mungu anisamehe, ilinitoka. Tukacheka na machozi yakiwa usoni, sote, huku mikono mitatu bado iko kwenye ule mti.

Mchungaji akatazama saa yake. Kisha wote wakanitazama mimi. "Mama mdogo," wakasema wale wawili. "Bibi mdogo," akasema yule mmoja. Mimi ndiye niliyebaki wa tumbo lile, na mimi ndiye niliyesikia yote. Nikafungua mdomo. Nikimtaja Sifueli, Mbonea aliyebaki na mama anakuwa mpangaji kwa kaka anayekuja kwa ndege. Nikimtaja Mbonea, Sifueli harudi tena, namjua. Nikimtaja Inamahoro, ukoo utasema nimempa nyumba mtu wa nje, na nisipomtaja, ana mpaka mwisho wa msiba aondoke.

Nikafunga mdomo. Mchungaji akauchukua msalaba, akaubeba yeye, kama mzigo wa kanisa. Tukazika. Ukoo ukanipa hadi siku ya kujengea kaburi niseme jina, na siku hiyo ni Jumamosi hii.

Nimeomba, nimefunga, sijapata jibu. Ninyi mmesikia kama nilivyosikia, na hamna ndugu kati yao. Mmoja alipamba, lakini aliamsha. Mmoja alisema kweli tupu, akaishia nje. Mmoja hakuwahi kufika, naye akafungua.

Je, nani alimfikisha Nakundwa nyumbani? Nani alistahili kubeba msalaba wake?

Jibuni mkiwa mmetulia, lakini kwanza tusimame. Ee Bwana, mpumzishe mtumishi wako Nakundwa, na mumewe Elisafi, na wote wa Ndalambe waliolala chini ya bwawa. Wape amani yako, uwaangazie nuru yako, na siku ile utakapoita, uwaite kwa majina yao. Amina.